Taa ya Injini na Nambari Yake: Ushauri kwa Wenye Magari wa Kampala

Magari mengi yanayopanda na kushuka vilima vya Kampala yaliundwa kwa ajili ya barabara za Japani, yakawatumikia huko mabwana wao wa kwanza miaka kadhaa, kisha yakapakiwa melini, yakateremshwa Mombasa au Dar es Salaam, yakasafirishwa bara kwa nchi kavu, na mwishowe yakakabidhiwa kwa wenyewe wapya pamoja na kitabu cha maelezo kilichoandikwa kwa lugha ambayo mnunuzi hawezi kuisoma, au bila ya kitabu chochote. Sheria ya mwaka 2018, iliyokataza kuingizwa Uganda kwa gari lenye umri wa miaka 15 au zaidi tangu kuundwa kwake, imepunguza ukongwe wa magari yajayo, walakini haikuyagusa yaliyokwisha kufika, ambayo hata leo yamo katika msongamano wa Barabara ya Jinja asubuhi na wa Barabara ya Entebbe jioni. Ndani ya kila gari la namna hiyo, liwe Premio, Spacio, Wish, Noah au Harrier, imo taa ndogo ya rangi ya manjano yenye sura ya injini, na taa hiyo, ambayo iliwekwa ili imsaidie mwenye gari, imekuwa kwa watu wengi ama chanzo cha fadhaa ama kitu cha kupuuzwa: huyu huiona ikiwaka akakimbilia kununua spea asiyoihitaji, na yule huibandika karatasi nyeusi asiione, akaendelea na safari zake mpaka injini imgomee njiani.

Nawaandikia wote wawili. Rai yangu ni kwamba nambari itolewayo na gari ni ushahidi wa shahidi mmoja, na kama kadhi asivyoweza kutoa hukumu kwa neno la upande mmoja, ndivyo fundi asivyostahili kumtoza mtu fedha za spea kwa kuisoma nambari peke yake. Fedha ya kwanza kutoka mfukoni mwa mwenye gari yapasa iwe ujira wa uchunguzi, na fedha ya spea ifuate baadaye, ikiwa uchunguzi umeitaka.

Injini ya siku hizi haipimiwi petroli na kabureta, bali hupimiwa na kompyuta ndogo ambayo mafundi wa Kampala huiita kontroli-boksi. Kompyuta hiyo haina macho wala masikio isipokuwa sensa zake: moja huieleza kiasi cha hewa inayovutwa, nyingine ujoto wa maji ya rejeta, nyingine mahali ulipo mhimili mkuu katika mzunguko wake, na nyingine, iliyochomekwa katika bomba la moshi, huieleza ikiwa oksijeni imebaki baada ya mwako. Habari yoyote kati ya hizo ikikatika, au ikitofautiana na zile nyingine kupita kadiri iliyowekwa, kontroli-boksi huandika nambari katika kumbukumbu yake na kuiwasha taa. Haisemi zaidi ya hapo, kwa sababu haijui zaidi ya hapo. Ikisema habari ya ujoto wa maji haina maana, haiwezi kupambanua kama sensa imekufa, au waya umekatika, au soketi imeingia maji, au maji yenyewe ni baridi kwa kweli. Na tofauti baina ya mambo hayo manne ndiyo tofauti baina ya gharama kubwa na kazi ya nusu saa.

Kabla sijaendelea, nina hadhari moja isiyoweza kungoja. Taa ya manjano ikiwaka pasipo kupepesa, na gari likienda kwa kawaida, unaweza kufika nyumbani kwa upole na kutafuta fundi siku ifuatayo. Ikianza kupepesa, maana yake ni kwamba silinda moja au zaidi haziunguzi petroli yake, na petroli hiyo mbichi inatiririka katika masega ya bomba la moshi, yale yanayousafisha moshi, na kuyaunguza. Punguza mwendo mara moja, usikanyage mafuta, na usimame mahali pa salama. Ama zile taa nyekundu, ya mafuta ya injini na ya ujoto, hizo ni jambo jingine kabisa: zikiwaka, simama na uzime injini papo hapo, hata kama uko katikati ya daraja na watu wanakupigia honi, kwani dakika chache tu za ukaidi huiua injini nzima.

Mpango huu wa nambari ulianza Marekani, na kwa ajili ya moshi. Jimbo la California lilichoshwa na hewa chafu ya Los Angeles, likawalazimisha watengenezaji waweke katika magari chombo cha kujichunguza, na kuanzia magari ya mwaka 1996 Marekani nzima ikafuata utaratibu mmoja: soketi moja yenye matundu 16 chini ya dashibodi, na nambari ambazo nyingi zina maana moja kwa kila kampuni, zinazoanza kwa herufi P zikihusu injini na giaboksi. Kwa hiyo P0301 ni silinda ya kwanza kukosa mwako, iwe katika Ford au katika Subaru. Lakini magari yetu hayakuundwa kwa ajili ya Marekani. Gari lililouzwa ndani ya Japani mwanzoni mwa miaka ya 2000 aghalabu huwa na soketi ile ile kwa sura, ila lugha iendayo ndani yake ni ya kampuni yenyewe, na hapo ndipo kile kisomeo kidogo cha bei rahisi kinachoungana na simu hushindwa kuongea nalo, mwenyewe akadhani gari limekufa kompyuta. Halikufa. Latakiwa kuletewa mashine inayoijua Toyota ya Kijapani, na mashine hizo zipo kwa mafundi wa umeme wa Ndeeba, Katwe na kwingineko.

Corolla za miaka ya 1990, zile ambazo mji mzima huziita Kikumi, hazihitaji hata mashine. Ndani ya boneti mna kisanduku kidogo cha plastiki chenye kifuniko, na chini ya kifuniko matundu yaliyoandikwa herufi; fundi huunganisha tundu la TE1 na la E1 kwa kipande cha waya, akafungua ufunguo bila kuwasha injini, na taa ya dashibodi ikaanza kupepesa kwa hesabu. Mipepeso miwili, kituo, kisha miwili tena ni 22, yaani ujoto wa maji. Miwili na mmoja ni 21, sensa ya oksijeni. Mitatu na mmoja ni 31, kipimo cha hewa. Minne na mmoja ni 41, sensa ya mlango wa hewa unaofunguliwa na pedeli. Ikiwa inapepesa bila kituo, kwa mwendo mmoja, hakuna hitilafu iliyoandikwa. Ajabu ya mambo ni kwamba mwenye Kikumi anaweza kujua siri za gari lake bure, hali mwenye gari jipya zaidi hana budi kulipa.

Sasa tuingie katika uchunguzi wenyewe. Jambo la kwanza ni kuiandika nambari katika daftari pamoja na tarehe, na kuandika habari zilizohifadhiwa nayo, kwani mashine nzuri huonyesha hali iliyokuwapo wakati kosa lilipoandikwa: mwendo wa gari, mizunguko ya injini, ujoto wa maji. Wapo mafundi ambao hukimbilia kufuta nambari kwanza, au kuchomoa waya wa betri, ili waone kama taa itarudi, na kwa kufanya hivyo huupoteza ushahidi uliokuwa mikononi mwao. Nambari iliyoandikwa gari likiwa baridi saa kumi na mbili asubuhi haina maana sawa na ile iliyoandikwa likipanda Mlima wa Naguru limejaa abiria. Mkataze fundi wako kufuta chochote kabla hajaandika.

La pili ni macho na mikono. Katika mji ambao mvua ikinyesha saa moja maji hujaa Bwaise na Kalerwe, na ambao kila mtaa una mahali pa kuoshea magari kwa mashine ya maji ya nguvu, soketi za sensa huingia maji mara nyingi kuliko sensa zenyewe zinavyokufa. Kijana wa kuosha huelekeza maji ndani ya boneti ili injini ing'are, mwenye gari akafurahi, na siku ya tatu taa ikawaka. Chomoa soketi ya sensa iliyotajwa na nambari, uitazame: je, pini zina kutu ya kijani, je, mpira wake wa kuzuia maji ungalipo, je, kiunzi kimevunjika jino kikafungwa kwa kamba? Fuata waya kwa mkono mpaka unapopotea, ukitafuta mahali palipochunwa na panya, kwani panya hupenda joto la injini iliyolala nje. Kagua waya wa athi unaounganisha injini na bodi, na betri yenyewe, kwa sababu umeme dhaifu hufanya sensa nzima zionekane mbovu. Ukiona nambari nne au tano za sensa mbalimbali zimeandikwa kwa pamoja, usiamini kwamba sensa tano zimekufa siku moja. Tafuta fyuzi, athi, au waya mmoja zinaoushiriki pamoja.

Ikiwa macho hayakuona kitu, ndipo hupimwa kwa mita. Nitachukua sensa ya ujoto wa maji kuwa mfano, kwa kuwa ni rahisi, na kwa kuwa mwenye kuielewa ameielewa njia yote. Sensa hii ina nyaya mbili tu, na kazi yake ni kuupunguza upinzani wake kadiri maji yanavyopata moto: katika Toyota nyingi huwa baina ya omu 2,000 na 3,000 kwa nyuzi 20, na hushuka hadi baina ya 200 na 400 maji yakifika nyuzi 80. Lakini hata bila ya kupima omu, iko njia nzuri ya kuutenganisha ukweli na dhana. Unganisha mashine, ifanye ionyeshe ujoto wa maji, fungua ufunguo bila kuwasha injini, kisha chomoa soketi ya sensa. Mashine yapasa ionyeshe nyuzi 40 chini ya sifuri. Halafu unganisha matundu mawili ya soketi iliyochomolewa kwa kipande cha waya. Mashine yapasa irukie nyuzi 140 au karibu yake. Ikifanya hayo mawili, basi nyaya zote ni nzima na kontroli-boksi inasikia sawasawa, na mkosaji ni sensa, maadamu maji yenyewe si baridi kwa kweli. Kainunue kwa moyo mweupe. Isipobadilika hata kidogo, sensa mpya haitakufaa kitu, maana maradhi yako katika waya au katika kontroli-boksi. Tahadhari: njia hii ya kuunganisha matundu ni ya sensa za ujoto zenye nyaya mbili peke yake. Usiijaribu katika sensa zenye nyaya tatu au zaidi, kwani humo hupita umeme wa kulisha, na utaunguza usichokusudia.

Liko jambo jingine kuhusu ujoto ambalo limeenea katika gereji zetu na ambalo sina budi kulikemea. Mafundi wengi, kwa hofu ya injini kuchemka katika msongamano, huiondoa thamostati na kuitupa, wakiamini kwamba nchi ya joto haiihitaji. Kampala, juu ya vilima vyake, si nchi ya joto la namna hiyo, na injini isiyo na thamostati huzunguka na maji vuguvugu asubuhi yote. Kontroli-boksi nayo, ikidhani gari bado ni baridi, huimwagia petroli kupita haja yake, na baada ya muda huandika P0125 au P0128, yaani maji hayafiki ujoto unaotakiwa. Hapo mwenye gari huuziwa sensa, kisha nyingine, na petroli huendelea kuisha upesi. Sensa ilisema kweli tangu mwanzo. Ikiwa gari lako huchemka, tafuta sababu ya kuchemka, rejeta iliyoziba, feni isiyozunguka, au mfuniko wa rejeta uliolegea, na thamostati irudishwe mahali pake.

Kampala ina tabia nyingine ambayo vitabu vya mafundi havikuikumbuka. Mji huu uko takriban mita 1,200 juu ya usawa wa bahari, na hewa yake ni nyepesi kuliko ya pwani. Magari yenye sensa ya kupima mgandamizo wa hewa katika bomba la kuvutia, kama Corolla nyingi za miaka ya 1990 na Honda nyingi, yakifunguliwa ufunguo pasipo kuwasha injini huonyesha mgandamizo wa anga yenyewe. Mombasa au Dar es Salaam mashine itasoma karibu na kilopaskali 101. Hapa itasoma karibu na 88. Fundi aliyejifunza kazi pwani, au ashikaye kitabu kilichoandikwa kwa ajili ya miji ya bahari, anaweza kuiona 88 akaihukumu sensa nzima kuwa mbovu, hali inasema yale yale anayoyasema mpanda baiskeli akifika juu ya Muyenga: hewa ni haba. Ikiwa sensa hiyo inasoma 101 mjini Kampala, hapo ndipo pa kuishuku.

Nambari inayoleta hasara nyingi kuliko zote, kwa maoni yangu, ni P0171, isemayo kwamba mchanganyiko umezidi hewa na kupungukiwa petroli. Aghalabu mwenye gari huambiwa: "Mzee, sensa ya oksijeni imekufa, lete pesa nikimbie Kisekka kwenye maduka ya spea." Na huenda ile sensa ya oksijeni ndiyo pekee iliyofanya kazi yake kwa uaminifu, kwa kuwa ndiyo iliyopeleka habari ya upungufu. Yanayostahili kutafutwa ni mambo mengine: mpira wa hewa baina ya kisanduku cha filta na injini uliopasuka katika mikunjo yake, ambapo ufa hauonekani mpaka uukunjue kwa mkono, kifuniko cha mafuta ya injini kisichobana, gasketi ya manifoldi iliyokakamaa, filta ya petroli iliyoziba kwa uchafu wa vituo vya wasioogopa Mungu, pampu iliyochoka, au ile sensa ya kupima hewa, yenye uzi mwembamba kama unywele, iliyofunikwa na vumbi jekundu la barabara zisizo na lami. Hii ya mwisho mara nyingi haihitaji kubadilishwa. Huchomolewa kwa upole, hupulizwa dawa yake maalumu ya kusafishia, haiguswi kwa kidole wala kwa pamba, huachwa ikauke kabisa, na hurudishwa. Na pamoja nayo hubadilishwa filta ya hewa, maana filta iliyochanika ndiyo iliyopitisha vumbi.

Mashine nzuri humsaidia fundi kupambanua hayo. Huonyesha kwa asilimia kiasi ambacho kontroli-boksi imelazimika kuongeza au kupunguza petroli kuliko hesabu yake ya asili. Chini ya 10 kwa upande wowote si neno, lakini ikikaribia 20 na kuendelea, kuna jambo. Basi tazama hesabu hiyo injini ikiwa sailensa, yaani ikizunguka bila kukanyagwa mafuta, kisha tena ikishikiliwa kwenye mizunguko 2,500. Ikiwa nyongeza ni kubwa kwenye sailensa na inashuka mizunguko inapopanda, hewa inaingia mahali isipohesabiwa, nawe utafute ufa. Ikiwa ni ndogo kwenye sailensa na inakua kadiri injini inavyotakiwa nguvu, shuku pampu, filta ya petroli, au sensa ya hewa iliyochafuka. Fundi asemaye kuwa mambo hayo ni ya wazungu hana sababu ya kumiliki mashine.

Sensa ya oksijeni nayo hufa, sikatai, na katika nchi zetu zamani ilikufa upesi kwa sababu petroli ilikuwa na risasi, ambayo huitia sumu sensa na masega pamoja. Mkutano wa Dakar wa mwaka 2001 uliazimia kuiondoa petroli hiyo kusini mwa Sahara, na kufikia mwanzo wa mwaka 2006 eneo hilo karibu lote lilikuwa limeiacha. Leo maadui wa sensa hiyo ni mafuta ya injini yanayoungua kwa sababu ya ringi zilizochoka, petroli iliyochanganywa na mafuta ya taa, na silikoni ya kubandikia gasketi inayopakwa bila kadiri na bila kuangalia kama ni ya aina isiyodhuru sensa. Nambari P0135 huhusu hita iliyomo ndani yake, na hita hupimwa kwa mita baada ya kuchomoa soketi: katika sensa ya kawaida ya Toyota ikiwa baridi huwa baina ya omu 11 na 16, na katika ile ya aina mpya ipimayo uwiano wa hewa na petroli huwa omu 2 au 3 hivi. Mita isiposoma kitu, hita imekatika, na sensa ibadilishwe. Ikisoma vema, tafuta fyuzi na waya.

P0420 ni habari nyingine, nayo yasema masega hayasafishi moshi ipasavyo. Ndani ya masega mna platinamu, paladiamu na rodiamu, madini ya thamani kubwa, na wako wanunuzi wayatakao. Kwa hiyo gari likiachwa gereji bila ya mtu, huenda likarudi na bomba tupu. Wengine huyatoa kwa hiari wakidhani gari litapata mbio. Watafiti wa AirQo wa Chuo Kikuu cha Makerere, ambao tangu mwaka 2015 wamekuwa wakiupima uchafu wa hewa ya mji huu, wamekwisha kutuonyesha ni hewa gani wanayoivuta watoto wetu kando ya barabara. Sioni namna ya kumsifu mtu aliyeyauza masega yake, hata kama taa yake imezimwa kwa ufundi.

Ikithibitika kwamba sensa imekufa, nenda dukani na ile ya zamani mkononi. Juu yake pana nambari ya mtengenezaji, aghalabu Denso kwa magari ya Toyota, na nambari hiyo ndiyo ya kufuata, si jina la gari, kwani Premio mbili za mwaka mmoja zinaweza kuwa na injini tofauti. Kisekka na Ndeeba utapata za aina tatu: mpya ya asili, iliyotumika kutoka Japani, na mpya ya kuiga iliyotiwa katika kasha la jina kubwa. Mimi huiona iliyotumika ya asili kuwa bora kuliko ya kuiga, maadamu muuzaji anakubali uifunge, uitazame katika mashine, na kuirudisha isipofaa. Makubaliano hayo yafanywe kabla ya fedha kubadilisha mikono. Isipokuwa sensa ya oksijeni, hiyo nunua mpya, kwani iliyotumika imekwisha kula sehemu kubwa ya maisha yake. Na mtu akikuambia kwamba kontroli-boksi ndiyo mbovu, mtake athibitishe mara mbili. Ni nadra kufa, huwa na mapatano na ufunguo wa gari katika magari mengi hata isikubali kuwasha gari jingine, na wizi wa kontroli-boksi ni msiba unaojulikana sana na wenye magari wa mji huu. Anunuaye isiyo na asili huenda ameinunua ya jirani yake.

Yabaki mazungumzo na fundi, ambayo ni kazi ya adabu kama vile ni kazi ya fedha. Desturi yetu ni kwamba fundi hutazama bure na kupata riziki yake katika spea na katika kufunga. Basi tumemweka katika hali ambayo asipouza kitu hali chakula. Ukimfikia, msalimu, mweleze dalili kwa utaratibu, zilianza lini na katika hali gani, kisha mwambie: "Fundi wangu, nitakulipa kwa kupima, hata kama hutabadilisha kitu." Maneno hayo hubadilisha moyo wa kazi. Akisha kupima, muulize amejuaje, umuulize kwa upole, kama mtu anayetaka kujifunza. Fundi hodari hufurahi kueleza. Atakuonyesha waya, atakuonyesha tarakimu. Asiyekuwa na jibu ila "mashine ndiyo imesema" mlipe ujira mliopatana, mshukuru, na uondoke na gari lako.

Baada ya matengenezo, nambari ifutwe, kisha gari liendeshwe siku chache, injini ikiwa baridi na ikiwa moto, katika msongamano na katika njia nyeupe, ndipo lisomwe upya. Mashine huonyesha pia nambari zinazosubiri, ambazo hazijawasha taa bado. Hizo ndizo zitakazokuambia kama kazi imekwisha.

Na ikiwa bado hujanunua gari, bali wazunguka katika mabondi ya kuuzia magari ya Nakawa na Lugogo ukichagua, jambo la kwanza la kutazama ni taa hiyo hiyo. Fungua ufunguo bila kuwasha injini: taa ya manjano yapasa iwake. Washa injini: yapasa izime. Kisha chomeka mashine, na ikionyesha kwamba majaribio ya ndani ya kompyuta hayajakamilika, ujue kumbukumbu imefutwa karibuni, au betri ilichomolewa, nawe uombe kuliendesha gari kwa muda na kulisoma tena kabla ya kutoa fedha yoyote. Gari ambalo taa yake haiwaki kabisa ufunguo unapofunguliwa, usilinunue mpaka muuzaji aeleze ni nani aliyeitoa, na kwa sababu gani.